Poti ya faiba imezima au inayumba? Soma mwanga kwanza, iwe ni transiva ya kuchomeka ama mwanga uliokaa kando ya chipu

Wadau, hii ni ya watu wanaoshika faiba kila siku kwa data senta za Nairobi, na pia wale wameanza kuona swichi mpya ambazo mwanga umeingizwa ndani kando ya chipu na wanajiuliza siku kitu kikiharibika huko ndani itakuwaje. Nimeipanga kwa dalili: unaona nini kwa skrini, inaweza kuwa ni nini, na unaanza kuguza wapi.

Kuna jambo moja nalishikilia kabisa na nitalirudia mpaka uchoke: soma namba kabla ya kuchomoa kitu. Tumezoea poti ikizima tunachomoa transiva (ile moduli ndogo inayogeuza stima kuwa mwanga na mwanga kuwa stima), tunaweka ingine, ikiwaka tunafunga tiketi twende lanchi. Hio tabia imetubeba miaka mingi kwa sababu moja tu, kwamba transiva inachomoka. Kwa hizi swichi mpya injini ya mwanga, yaani ile sehemu inayofanya kazi ya transiva, imekaa kwa kibao kimoja na chipu ya swichi, haichomoki, na ukikosea kutambua shida unajikuta umeng'oa swichi nzima yenye poti kibao ambazo hazikuwa na ugonjwa wowote.

Venye mwanga umesogea

Kwa swichi ya kawaida chipu iko katikati ya bodi na transiva ziko mbele, na kati yao kuna njia za shaba za sentimita kadhaa. Enzi za 10G (gigabiti 10 kwa sekunde) kwa leni moja, yaani njia moja ya data, hio shaba haikusumbua mtu. Saa hii leni moja inabeba 100G, za juzi zinabeba 200G, na kwa kasi hio shaba inakula ishara vibaya sana mpaka ndani ya transiva lazima kuwe na chipu ingine ya kuisafisha na kuijenga upya, na hio chipu ndo inakula stima na kutoa joto. Transiva ya 800G inakula kama wati 15 hivi, sasa piga mara poti 64 na bado hujahesabu swichi yenyewe wala feni.

Ndo maana watengenezaji wameamua kufupisha shaba iwe milimita kadhaa tu. Broadcom kwa Bailly, swichi ya 51.2T (terabiti 51.2 kwa sekunde), wamepanga injini nane za mwanga za 6.4T kila moja kuzunguka chipu ya Tomahawk 5, na wao wenyewe wanasema inakula kama wati 5.5 kwa kila 800G. Nvidia nao Machi 2025 walitangaza Quantum-X na Spectrum-X za mtindo huohuo, na hio ya Quantum-X iko na poti 144 za 800G na inapozwa kwa maji.

Kitu ambacho wengi wamekiacha nje ni leza. Leza haipendi joto na ndo hufa mapema kuliko sehemu zingine, kwa hivo inakaa kwa moduli yake ya kuchomeka mbele ya swichi, kiwango chake cha OIF (jukwaa la kampuni linaloweka viwango vya mitambo ya mwanga) kinaitwa ELSFP, halafu mwanga mtupu usio na data unaingia ndani kwa faiba maalum inayoshikilia mwelekeo wa mawimbi, unafika kwa injini, na hapo ndo data inaandikwa juu yake. Shika hio ramani kichwani: leza, faiba ya ndani, injini, chipu, faiba ya nje, upande wa pili. Kila dalili hapa chini inauliza swali moja tu, shida iko kwa kipande gani kati ya hivyo.

Namba za kusoma kabla ya kuguza

Transiva karibu zote zinakupa joto, volti, mkondo wa leza, mwanga unaotoka na mwanga unaoingia. Kwa seva ya Linux ni `ethtool -m` na jina la poti, kwa swichi nyingi ni `show interfaces transceiver` ama kitu karibu na hio. Mwanga unasomwa kwa dBm. Sufuri ni miliwati moja, ukishuka 3 umebaki na nusu, ukishuka 10 umebaki na sehemu moja ya kumi, na ukiona -40 jua hapo hakuna mwanga kabisa, ni giza.

Sasa watu wengi wanaishia kuuliza "-9 ni nzuri ama mbaya?" na jibu ni kwamba inategemea ulitarajia nini. Tuseme uko na laini ya kilomita 6 kutoka Mombasa Road hadi jengo lingine mjini, faiba ya njia moja, mawimbi ya nanomita 1310. Faiba hio inakula kama 0.35 dB kwa kilomita, kwa hivo 2.1. Njiani kuna konekta nne, mpe kila moja 0.5 kwa ubaya wake, hio ni 2. Jumla 4.1. Kama upande wa pili unatoa -2 basi wewe unafaa kupokea karibu -6. Ukisoma -11 kuna 5 dB zimepotelea mahali, na hio ni karibu theluthi mbili ya mwanga wako, hata kama poti bado iko juu na hakuna mteja amepiga simu. Transiva ya 10GBASE-LR, ile ya 10G ya masafa marefu, inavumilia hadi -14.4, kwa hivo hio laini itaendelea kutembea na kila mtu ataona iko sawa mpaka siku konekta moja iongeze uchafu kidogo. Hii hesabu fanya ukiwa bado ofisini kabla hujaitisha gari ya kwenda saiti.

Na ukifunga laini mpya, andika namba za siku ya kwanza mahali zitaonekana. Bila namba za siku ya kwanza utakuwa unakisia tu.

Poti imezima na mwanga unaoingia ni -40

Anza na upande wa pili, manake mwanga wako unaingia kutoka kwao. Waulize kama poti imefungwa kwa konfigi, na kama mwanga wao unaotoka unasoma kitu. Kama wao wanatoa vizuri na wewe huoni kitu, basi ni faiba ya katikati ama umechomeka kinyume. Kwa konekta za LC za jozi, zile ndogo za faiba moja kila moja, geuza hizo mbili kwanza, ni kitu cha nusu dakika na mara nyingi inaishia hapo.

Kwa konekta za MPO, zile zinazobeba faiba 12 kwa pamoja, mambo ni mengine, huwezi kugeuza kwa vidole, kuna aina A, B na C za mpangilio na ukiunganisha mbili za A mfululizo na adapta isiyofaa, leni za kutuma zinakutana na leni za kutuma. Pia kuna zenye pini na zisizo na pini. Mbili zenye pini hazitaki kuingiana na ukilazimisha utaharibu uso wa faiba, na mbili zisizo na pini zinaingiana vizuri tu lakini hakuna kinachozishika zilingane kwa hivo mwanga unapotea bila sababu unayoweza kuona.

Kisha hakikisha aina. Transiva ya SR (masafa mafupi) ya nanomita 850 haiwezi kuongea na LR (masafa marefu) ya 1310 hata zikiwa za kampuni moja na rangi moja ya boksi. Faiba ya manjano kwa kawaida ni ya njia moja, ile ya buluu ya maji ni ya njia nyingi, na laini iliyochanganya hizo mbili katikati ya paneli ni kitu utakikuta kwa majengo ambayo mafundi tofauti wamepitia.

Kama ni laini ya barabarani na giza limekuja ghafla, hapo OTDR, ile mashine inayotuma mwanga kwa faiba na kupima unaorudi, ndo itakuambia imekatika kilomita ngapi, na kwa mji huu wenye mitaro inachimbwa kila wiki huna haja ya kubishana nayo.

Mwanga upo vizuri lakini poti imekataa kuwaka

Hii inachanganya watu sana na inasababisha transiva nzuri zinatupwa. Mwanga wa kutosha unaingia, leni zote nne ziko sawa, lakini poti iko chini. Angalia FEC, ile hesabu inayosahihisha makosa ya data, pande zote mbili. Upande mmoja ukiwa umeweka FEC ya aina ya RS ya 544 na mwingine hauna ama umeweka ile ya 528, hawataelewana milele. Kuna transiva za 100G kama LR4 ambazo kwa kawaida zinatembea bila FEC, na kuna zile za SR4 na CWDM4 zinazoihitaji, sasa swichi mbili za kampuni tofauti kila moja inakisia kivyake. Weka kwa mkono pande zote, usiachie zikisie.

Pili angalia kama poti imegawanywa. Upande mmoja 400G nzima na mwingine 100G mara nne, mwanga utakuwa mzuri sana na hakuna kitakachowaka.

Tatu, hizi transiva za 400G na 800G ni kompyuta ndogo. Zinaamka kwa hatua, kwanza hali ya stima kidogo, halafu zinapanda, halafu ndo ziko tayari, na hio inaweza kuchukua sekunde nyingi kuliko zile tulizozoea. Mtu anachomeka, anahesabu mpaka kumi, anaona haijawaka, anachomoa, anachomeka tena, na kila mara anairudisha mwanzo. Iache. Soma hali yake kwa skrini, na kama imekwama kwa stima kidogo basi uliza kama swichi imeikubalia wati inazoomba, manake kuna poti ambazo haziruhusu zile kubwa.

Poti iko juu, mwanga mzuri, lakini erori zinapanda

Hapa ndo penye kazi, na hapa ndo ningetaka kila fundi mchanga akae kidogo.

Kwanza elewa kwamba poti zote za PAM4 (namna ya kutuma data inayotumika kwa kasi za sasa) ziko na erori. Zamani ishara ilikuwa na ngazi mbili tu, mwanga upo au hakuna. PAM4 ina ngazi nne kwa nafasi ileile, kwa hivo pengo kati ya ngazi na ngazi limekuwa theluthi moja na makosa ya kusoma hayaepukiki. FEC imewekwa hapo kusudi iyasahihishe: kwa kila kifurushi cha alama 544 inaweza kurekebisha hadi 15. Kwa hivo ukiona erori kabla ya FEC usishtuke na usifungue tiketi. Kipimo ni 2.4 mara kumi kwa kipeo cha hasi 4, yaani karibu biti 2.4 mbovu kwa kila biti 10,000. Ukiwa chini ya hapo kwa mbali, tuseme hasi 7 ama hasi 8, uko salama, ukiwa kwa hasi 5 na inapanda wiki kwa wiki anza kutafuta, na ukivuka sasa utaona vifurushi visivyorekebishika na hapo data inapotea kweli.

Kama swichi yako inaonyesha jedwali la FEC lisome vizuri, yaani vifurushi vingapi vilikuwa na kosa 1, vingapi 2, vingapi 3, kuendelea. Laini yenye afya inashuka haraka sana, makosa 1 ni mengi, 2 machache, 5 hakuna. Laini ambayo mwanga wake ni hafifu inashuka polepole. Laini yenye makosa ya kishindo, yale yanayokuja kwa pamoja halafu yanatulia, utaona mkia umetokeza huko 11 na 12 na katikati pako patupu, na hio mara nyingi si uhafifu wa mwanga, ni kitu kinachotikisika ama stima isiyotulia.

Sasa kile kisa kinachosumbua zaidi: mwanga unaoingia ni mzuri, pengine mzuri kuliko wa jirani, na bado erori ni nyingi. Mara nyingi huo ni mwakisio. Konekta mbili chafu zinarudishiana kipande cha mwanga, kile kipande kinafika kimechelewa na kujichanganya na ishara halisi. Ni kama simu yenye mwangwi, sauti ni kubwa lakini maneno hayashikiki. Mita ya mwanga haiwezi kukuonyesha hii kwa sababu inajumlisha mwanga wote, mzuri na mbaya. Kwa ngazi mbili za zamani ungepita bila kujua, kwa ngazi nne inakuuma. Sababu ingine ya mwakisio ni kuchomeka konekta ya kijani kwa ya buluu. Ya kijani imekatwa kwa mwinamo wa digrii 8 ili mwakisio utoroke pembeni, ya buluu ni bapa, zikikutana zinaacha pengo la hewa na unapoteza mwanga na pia unaongeza mwakisio. Transiva ya DR4 ya 400G inatumia MPO zenye mwinamo, kwa hivo usichukue tu MPO yoyote iliyo kwa droo.

Kwa hivo toa skopu ya kukagua ncha za faiba. Hii si hiari. Kiini cha faiba ya njia moja kina upana wa maikroni 9, nywele yako ni mara kadhaa ya hapo. Ukiangalia ncha kwa skopu utaona duara la kijivu lililong'aa na katikati nukta ndogo, hio nukta ndo barabara yote ya data yako, na chembe ya vumbi ya maikroni 5 ikitua juu yake imefunika zaidi ya nusu ya upana wake. Vumbi la hapa kwetu, hasa Januari na Februari kukiwa kukavu na lori za mchanga zinapita Mombasa Road na Mlolongo usiku kucha, ni laini sana na linaingia mpaka ndani ya boksi la pachi kodi (zile faiba fupi za kuunganisha) mpya. Mafuta ya kidole utayaona kama ukungu wenye michirizi, na alama ya shati ambayo mtu alipangusia utaiona kama mistari ya kukwaruza, hio ya mwisho haisafishiki, tupa hio kodi.

Safisha kavu kwanza kwa ile kalamu ya kubonyeza, angalia tena. Kama bado, weka pombe ya isopropili ya asilimia 99 kidogo tu kwa kitambaa kisichotoa nyuzi, pangusa, malizia na kavu, angalia tena. Pombe ya duka la dawa ya asilimia 70 inaacha maji na madoa. Na usisahau upande wa ndani, ule ulio ndani ya adapta na ndani ya transiva, manake ukisafisha kodi halafu ukaichomeka kwa adapta chafu umeichafua tena hapohapo. Vile vifuniko vya plastiki navyo usiviamini, kazi yao ni kuzuia uso usigongwe, ndani yake wenyewe kunaweza kuwa na vumbi. Kwa MPO chembe moja tu kati ya nyuso mbili inatosha kuzuia zisigusane, na utaona leni kadhaa zinalia pamoja na ile yenye chembe ndo mbaya zaidi.

Ukimaliza usafi na erori ziko palepale, sasa tenganisha mwanga na shaba. Transiva za kisasa zinakuruhusu kuzungusha ishara, upande wa swichi ama upande wa faiba. Zungusha upande wa swichi na utume ule mfululizo wa kupima, PRBS31. Erori zikiwepo ilhali mwanga haujaguswa, shida ni kati ya chipu na transiva, pengine haijaingia vizuri ama soketi imechafuka. Zikiisha, rudi kwa faiba. Kwa swichi zenye mwanga kando ya chipu hii hatua ni ya maana mara mbili kwa sababu huwezi kuhamisha transiva kwa poti ingine uone kama shida inahama nayo.

Inayumba mchana, ama dakika chache baada ya stima kupotea

Angalia joto la moduli na saa ya matukio kwa logi uzilinganishe. Transiva za kawaida zimepewa hadi digrii 70 kwa gamba lake. Ukiona moja iko 68 na majirani wako 55, kuna kitu hapo: nafasi tupu haijazibwa na hewa inatorokea, feni imechoka, chujio limejaa vumbi, ama swichi imefungwa mgongo na mwelekeo wa hewa ni kinyume, inavuta hewa moto ya raki ya nyuma.

Kuna jambo la hapa kwetu ambalo vitabu vya mwongozo haviliweki mbele. Nairobi iko karibu mita 1,795 juu ya bahari na hewa yetu ni nyepesi kwa asilimia 15 hadi 20 hivi kulingana na ya Mombasa. Feni inazunguka vilevile, kelele ni ileile, lakini inasukuma hewa kidogo kwa uzito kwa hivo inabeba joto kidogo. Mwongozo wa ASHRAE (chama cha wahandisi wa mitambo ya kupoza) unapunguza joto linaloruhusiwa kwa digrii moja kwa kila mita 300 ukishapita mita 900, kwa hivo sisi tunakatwa kama digrii 3. Watu wanasema Nairobi ni baridi, wanapandisha joto la chumba kuokoa stima, na transiva za 800G ndo zinalipa hio bili. Ukipanga chumba anza na hizo digrii 3.

Halafu stima. Ikikatika, swichi ziko kwa UPS haziskii kitu, jenereta inashika, lakini mitambo ya kupoza inaweza kuchukua dakika kadhaa kurudi kazini, na kwa hizo dakika raki iliyojaa inapanda joto haraka sana. Utaona logi ina poti zilizoyumba dakika chache baada ya stima kurudi na kila mtu analaumu faiba. Linganisha saa.

Na kama joto ni la kawaida lakini mkondo wa leza umekuwa ukipanda mwezi kwa mwezi huku mwanga unaotoka ukibaki palepale, leza inazeeka, inasukumwa zaidi ili itoe kilekile. Panga kuibadilisha kabla haijaamua yenyewe.

Mwanga umezidi

Fupi tu. Kuna watu wananunua transiva ya kilomita 40 wakidhani nguvu zaidi ni ubora zaidi halafu wanaitumia raki kwa raki. 10GBASE-ER, ndo hio ya kilomita 40, inaweza kutoa hadi +4 na mpokeaji wake anavumilia hadi -1 tu. Utaona erori na mwanga wa kupendeza, na unaweza kuchoma mpokeaji. Weka kipunguza mwanga ama nunua inayofaa umbali wako.

Poti kadhaa zimeanguka pamoja kwa swichi yenye mwanga wa ndani

Hapa mpangilio wa poti ndo jibu. Moduli moja ya leza ya nje inalisha leni nyingi, kwa hivo ikidhoofika hazitaanguka poti za bahati nasibu, zitaanguka zile zinazokula kwake. Pata jedwali la mtengenezaji linaloonyesha leza gani inalisha injini gani, libandike kwa mlango wa raki, na ukiona poti zilizokufa zote ziko kwa mstari mmoja wa hilo jedwali umeshajua. Zikiwa zimekufa lakini zinakula kwa leza tofauti na ziko kwa injini moja, basi shaka inahamia kwa injini ama kupozwa kwake. Zikiwa kwa injini tofauti na leza tofauti ila faiba zao zinapita paneli moja, nenda kwa paneli.

Leza ikiwa ndo yenyewe hio ni habari njema, inachomoka kwa mbele. Lakini iheshimu. Mwanga wake ni wa miliwati mia na kwenda juu kwa faiba moja, mara nyingi zaidi ya transiva ya kawaida, na hauonekani kwa macho. Konekta zake zimewekwa nyuma ya moduli, zinaingiana ndani ya swichi, kusudi huo mwanga usikuangalie usoni. Zima leza kwa konfigi kabla ya kuichomoa, na usiingize skopu ya macho mahali ambapo hujathibitisha ni giza, tumia ya kamera. Usafi hapa ni mkali zaidi kwa sababu kwa mwanga mwingi hivyo uchafu unaungua na kuacha kovu kwa glasi, na upande wa ndani ya swichi hauna pachi kodi ya kubadilisha.

Leni moja inayumba peke yake, zingine shwari

Kwa transiva ya kawaida yenye rangi nne kama CWDM4 (1271, 1291, 1311 na 1331) faiba ni moja kwa leni zote, kwa hivo leni moja ikishuka na tatu ziko sawa usipoteze muda na faiba, ni leza ama mpokeaji wa hio leni ndani ya moduli. Kwa DR4 ni tofauti, kila leni ina faiba yake, kwa hivo rudi kwa skopu uangalie faiba hio moja kwa MPO.

Kwa mwanga wa ndani kuna sababu mpya. Nvidia wanatumia pete ndogo sana za silikoni kuandika data juu ya mwanga, na pete inashika rangi moja kamili. Silikoni ikipata joto hio rangi inahama, karibu nanomita 0.07 hadi 0.08 kwa kila digrii, na kando yake kuna chipu ya swichi ambayo joto lake linapanda na kushuka kulingana na kazi. Ndo maana kila pete ina heta yake ndogo inayoirekebisha muda wote. Heta ikifika mwisho wa uwezo wake pete inaachia, leni inaanguka, kisha inashika tena. Dalili yake ni kwamba inafuata mzigo: mazoezi ya modeli kubwa za AI yakianza leni inayumba, yakiisha inatulia. Soma namba za heta kama mtengenezaji anazitoa, halafu angalia maji ya kupozea, kasi yake na joto la kuingia, kabla ya kulaumu silikoni.

Umeondoa yote, imebaki injini yenyewe

Kabla ya kuzima swichi na kuanza kuwasha upya, vuta kila kitu: jedwali la FEC, mwanga wa kila leni, joto, namba za leza, matokeo ya PRBS ya kuzungusha upande wa chipu na upande wa faiba, na saa ya kila tukio. Ukiwasha upya kaunta nyingi zinarudi sufuri na ushahidi umeenda. Mtengenezaji atakuuliza hivyo vitu na kama huna atakuambia ubadilishe leza kwanza, usafishe kwanza, urudi, na swichi iko huku inangoja wiki.

Kisha hesabu kama kweli lazima itoke leo. Leni moja mbovu kwa injini inaweza kufungwa na mzigo ukahamishwa kwa poti zingine mpaka usiku wa matengenezo, na kuacha poti chache zikiwa zimefungwa ni afadhali kuliko kung'oa kitu kinachobeba raki kadhaa mchana. Ikibidi itoke, tia alama kila faiba kwa namba ya poti kabla ya kuguza ya kwanza, funika ncha zote kwa vifuniko ulivyosafisha, na swichi mpya ikiingia soma namba za siku ya kwanza uziandike kabla hujarudisha mzigo.